Aliyekata Kimeo cha Limi

Uji ulikuwa unamtoka Limi kwenye tundu zote mbili za pua. Ulikuwa uji wa ulezi, mzito, wa asubuhi hiyohiyo, na mama yake, Kabula, alikuwa anaufuta kwa ncha ya kitenge. Kila alipomaliza kufuta alimpa mtoto kijiko kingine ili anionyeshe vizuri, na uji ukashuka tena, mpaka nikamwambia aache, jamani, nimeshaona, amwache mtoto apumue.

Kaakaa la mtoto yule nililipachika mimi. Limi aliletwa hospitalini kwetu akiwa na miezi tisa na uzito wa mtoto wa miezi mitatu. Alizaliwa na mpasuko uliopita katikati ya paa la kinywa, kuanzia nyuma ya ufizi hadi kooni, na maziwa yote aliyonyonya yalipanda puani. Majirani walimpa mama yake majina ambayo sitayaandika hapa. Mimi nikampa kaakaa la kufuma, na miezi sita baadaye mtoto akasema "baba," ingawa baba mwenyewe alikuwa ameshatokomea zamani. Mtoto mwenye mpasuko hawezi kulisema neno hilo. Ili useme b lazima hewa ijae mdomoni, na yeye hewa inamtorokea puani. Ndiyo maana huwa nalitumia kupima kazi yangu.

"Limi," nikasema, "hebu sema baba."

"Mama," akasema Limi. Akajisikia amekosea. Akakunja uso, akavuta pumzi, akajaribu tena kwa nguvu zake zote. "Mama!" Kisha akaupiga ngumi mkono wa kiti, na machozi yakamtoka. Wiki iliyopita tu mtoto huyu alikuwa anaimba.

Nikawasha taa. "Panua mdomo, mwanangu. Panua kama fisi anayecheka."

Mbele kulikuwa kuzuri. Kaakaa gumu, ile sehemu yenye mfupa na matuta madogo ambayo ulimi hukandamizia chakula, lilikuwa limekua sambamba na meno, na kwa nukta moja nilijivunia. Nyuma yake, mahali ambapo mfupa unaishia na nyama tupu inaanza, kaakaa laini lilikuwa linaning'inia kama dekio lililoloa. Lilitakiwa kuinuka kila anapomeza na karibu kila anaposema, liende nyuma kuziba njia ya pua. Halikuinuka hata kidogo. Nikaufuata ukingo wake kwa kioo hadi katikati, pale kinapoteremka kile kidole kidogo cha nyama tunachokiita kimeo.

Kimeo hakikuwepo. Palikuwa na kidonda kibichi, kilichonyooka, kilichopakwa dawa nyeusi.

"Nani amemkata?" nikauliza.

Kabula akatazama sakafu. Aliyenijibu ni mama yake, Bibi Holo, ambaye tangu wafike alikuwa amesimama mlangoni kama mtu aliyekuja kuuliza njia.

"Alikuwa anakohoa, dokta."

"Anakohoa!"

"Wiki mbili. Dawa ya chupa tumempa, haikufua dafu. Nikamchungulia kooni nikaona kimeo kirefu, kimelala juu ya ulimi. Sasa mtoto ataachaje kukohoa? Juzi mama yake kaenda mnadani, nikambeba nikampeleka kwa fundi. Kitendo cha kufumba na kufumbua. Huyu Kabula nilimpeleka kwa baba wa fundi huyohuyo, na wajomba zake Limi wote niliwapeleka. Hakuna aliyekufa."

"Bibi, kile hakikuwa kimeo cha kukatwa! Kimetengenezwa! Ndani yake mlikuwa na punje!"

"Punje ya nini?"

Miaka minne nilikuwa nawaambia wasimpe mtoto miwa, wasimpe mifupa, wampige mswaki taratibu, wamlete kila baada ya miezi sita. Habari ya punje sikuwahi kuwaambia.

"Na wewe, dokta," Bibi Holo akauliza, bila ubaya wowote, kama anayeuliza kwetu ni wapi, "unacho?"

Nikazima taa.

*

Kaakaa la kufuma linafanya kazi hivi. Sehemu ya mbele ni wavu ambao mfupa wa mtoto mwenyewe huota juu yake. Baada ya miaka miwili wavu unayeyuka, mfupa unabaki. Sehemu ya nyuma ni nyuzi zinazojikunja na kulegea mithili ya misuli, na nyuzi hizo hazina akili. Akili imewekwa kwenye kidude kisichozidi punje ya mtama, na wahandisi wa kampuni ya Tamko waliamua kukificha ndani ya kimeo, kwa sababu pale kinaihisi hewa ya pua na hewa ya mdomo kwa wakati mmoja. Ni wazo zuri sana kwenye mchoro. Wahandisi hao hawakuzaliwa huku kwetu, ambako mtoto akikohoa mtuhumiwa wa kwanza ni kimeo.

Kwenye droo yangu kulikuwa na punje mpya kumi na mbili. Kupachika moja ni kazi ya dakika kumi, na ningeweza kuifanya huku naongea. Lakini punje haiamki kwa amri yangu. Tamko ndio wanaoifungua, kutoka kwao, wakitaka. Nilipoingia kazini asubuhi hiyo kishikwambi cha ukutani kilikuwa tayari kinawaka maandishi mekundu: KAAKAA LIMEINGILIWA. KAAKAA LIMEFUNGWA. MKAGUZI YUKO NJIANI.

Limefungwa! Mtoto wa miaka mitano amefungwa koo kutoka ofisi ambayo haijui hata Nzega iko upande gani wa ramani.

Nikatoka koridoni kumtazamia huyo mkaguzi. Kwenye benchi alikuwa amekaa Nshoma, mama kijana kutoka upande wa Igunga, na mtoto wake wa miezi minane kifuani. Alikuwa anamnywesha maziwa kwa kijiko, tone kwa tone, amemsimamisha wima kama nilivyomfundisha. Alikuja kupimiwa. Kaakaa la mtoto wake lilikuwa limeshafumwa, liko kwenye jokofu langu, na upachikaji ulikuwa Alhamisi.

"Bado ni Alhamisi, dokta?" akaniuliza. Aliniuliza hivyohivyo kila tulipoonana.

"Alhamisi, mama. Usiwe na wasiwasi."

Nyuma yake kwenye orodha walikuwepo watoto thelathini na mmoja. Katika mikoa mitatu, mwenye leseni ya Tamko ni mimi peke yangu. Mwenzangu alistaafu mwaka juzi na hawajaleta mwingine.

*

Mkaguzi aliitwa Igogo. Nilikuwa nimejiandaa kumchukia, akaniharibia kwa adabu. Alimpa Bibi Holo shikamoo kwa kuinama, akampa Limi mkono kama mtu mzima, akavuta kiti akakaa chini kuliko sisi sote. Kiwiko cha shati lake kilikuwa kimeshonwa kwa uzi wa rangi nyingine.

"Kabla sijawasha kinasa sauti," akasema, akionyesha kishikwambi cha ukutani, "naomba nielewe. Kikishawaka taa nyekundu, kinasikia kila kitu mpaka saa sita mchana, na siwezi kukizima. Taratibu ndizo hizo. Sasa niambieni."

Bibi Holo akamwambia yote, kuanzia kikohozi hadi dawa nyeusi. Hakupunguza hata moja. Igogo alisikiliza huku anasugua paji la uso.

"Sawa, mama. Hayo tuchukulie sijayasikia," akasema. Kisha akanigeukia. "Fundi Nyanzobe, fomu unaijua. Ina swali moja. Nani alisababisha kuingiliwa kwa kaakaa? Majibu ni matatu. La kwanza, mlezi au ndugu. Hapo punje inafunguliwa leo, ila mtoto anahamia Bweni la Matamshi kule Dodoma, chini ya uangalizi wa kampuni, mpaka atimize miaka kumi na miwili."

"Anahamia na nani?" Kabula akauliza.

"Peke yake, dada. Mnaruhusiwa kumtembelea."

Kabula akamvuta Limi mapajani, akamfumbata kwa mikono yote miwili.

"La pili," Igogo akaendelea, na sauti ikapungua, "haijulikani. Hapo kaakaa linabaki limefungwa mpaka uchunguzi ukamilike. Ni kama miezi sita."

"Basi andika hilo!" Kabula akasema. "Miezi sita atakaa kimya, basi. Bora asiseme, awe na mimi."

"Kimya si tatizo, mama Limi," nikamwambia. "Tatizo ni kumeza. Kaakaa halimsaidii tena, chakula kinapotea njia. Kikipotea kwenda juu, unakifuta kwa kitenge. Siku kikipotea kwenda mapafuni, hutakifuta."

Akanitazama kama mimi ndiye niliyetunga sheria hiyo.

"Kwani kinywa ni cha nani?" nikamuuliza Igogo. Nilikuwa nimeshasimama. "Nijibu. Weka ncha ya ulimi wako nyuma ya meno ya juu. Weka! Si una ulimi? Sasa upeleke nyuma taratibu. Hayo matuta unayoyasikia, na huo ubati mgumu unaofuata, kwa mtoto huyu ni mfupa wake. Umeota mwenyewe. Wavu wenu uliyeyuka mwaka wa pili. Endelea nyuma. Hapo panapoanza kuwa laini, nyama imeshazifunika nyuzi zenu, damu inapita, na akiungua na chai anaumia yeye, kampuni haisikii kitu. Nionyeshe kwa kidole mahali ambapo mtoto anaishia na Tamko inaanza."

"Mkataba unasema kaakaa limeazimwa mpaka miaka kumi na minane."

"Kinywa cha mtu kinaazimwaje? Mmemwazima mtu uwezo wa kumeza!"

"Sikuandika mimi, dada."

"Walioandika walikuja lini hapa kutuuliza tunaishije? Walikaa wapi, kwenye kigoda cha nani? Wametoka huko wameweka akili yote ya kaakaa kwenye kinyama ambacho nusu ya watu wa huku wanakikata, halafu kikikatwa, mwenye kosa ni bibi! Wewe mwenyewe, panua mdomo nione."

"Haihusiani."

"Panua!"

Sijui kwa nini alitii. Labda ni mazoea ya hospitali. Nikamulika. Koo lake lilikuwa wazi kabisa, kaakaa laini limeishia kwenye upinde mtupu, na katikati kovu dogo la zamani.

"Nilikatwa nikiwa na siku arobaini," akasema, akifunga mdomo taratibu. "Ila mimi si mteja."

Bibi Holo akacheka, mara moja, kwa sauti, kisha akajifunika mdomo kwa mkono.

Igogo hakukasirika. Alifungua mkoba wake akatoa karatasi, akaigeuza ili niisome. Niliutambua mwandiko kabla sijasoma neno lolote, kwa sababu ulikuwa wangu. Ilikuwa fomu ya miaka saba iliyopita, ya wiki ya mafunzo, siku tuliyokabidhiwa leseni.

Je, katika eneo lako kuna mila au desturi zozote zinazogusa kinywa, kaakaa au koo? Zieleze.

Na chini yake, kwa herufi zangu nzuri za shule ya misheni: Hakuna.

"Waliuliza, fundi," Igogo akasema. "Waliuliza mara moja, kwa mstari mmoja, lakini waliuliza. Ukajibu wewe."

*

Naikumbuka siku ile. Ukumbi wa baridi, maji ya chupa, wahandisi wa kigeni wenye viatu vyeupe. Tulikuwa mafundi kumi na wanane kutoka kila pembe ya nchi, na nilipofika kwenye swali lile nikawaza nitaeleza nini. Niwaambie mama yangu alinishikilia kichwa katikati ya magoti, mzee mmoja akaingiza kisu chenye ncha iliyopinda, akatoka na kinyama kwenye ncha, nikapewa uji wa moto na nikasifiwa sikulia? Niwaambie hivyo hawa, wanione mshenzi, wapeleke mradi mkoa mwingine? Nikatazama karatasi ya jirani yangu, mtu wa Tanga. Na yeye alikuwa ameandika hakuna. Tukatazamana, tukaangalia pembeni.

Mficha maradhi kilio humuumbua. Nilikuwa naupenda msemo huo sana, hasa nikiwaambia wagonjwa.

Kwa hiyo hasira niliyokuwa nayo tangu asubuhi ikakosa pa kukaa. Haikupungua, la. Bado niliona ni uovu kumfunga mtoto koo, na hata sasa naandika haya nikiona ni uovu, na mtu atakayeniambia kwamba taratibu ni taratibu nitamuomba ale ubwabwa huku amelegeza kaakaa. Lakini sasa hasira ilikuwa na watu wawili wa kuwashika shati, na mmoja wao alikuwa amevaa koti langu.

Nikiwa bado nimeshika karatasi, Kabula akapiga kelele.

Limi alikuwa ameufikia mkebe wa uji tuliousahau mezani. Mtoto alikuwa na njaa, hakuna aliyemkumbuka, tulikuwa tunagombania kinywa chake. Alikuwa amepiga funda moja tu. Macho yalimtoka, mikono ikawa inashika hewa, hakuna sauti. Nikamnyakua, nikamlaza kifudifudi juu ya mkono, nikampiga kwa kiganja katikati ya mabega. Moja, mbili, tatu. Midomo ilikuwa inageuka rangi ya zambarau. Pigo la tano likatoa uji, ukatoka puani na mdomoni pamoja, na baada yake kikatoka kikohozi kirefu, kisha kilio.

Sikuwahi kusikia kilio kizuri kama kile.

Bibi Holo alikuwa amepiga magoti sakafuni. "Niandikeni mimi," akasema. "Nifungeni. Nina miaka sabini na mmoja, gerezani nitakaa muda gani? Niandikeni mimi, mtoto abaki na mama yake."

"Kampuni haifungi watu, mama," Igogo akasema. "Ukiandikwa wewe, anayeondoka ni mtoto."

Bibi akamgeukia binti yake. "Kabula, mwanangu..."

"Usiniite," Kabula akasema. "Leo usiniite."

Igogo alikuwa amesimama ukutani, na nilimwona anafuta viganja kwenye suruali. "Sijamaliza kusoma fomu," akasema bila kunitazama. "Lipo jibu la tatu."

Nililijua. Fundi mpachikaji. Kosa la fundi, na punje inafunguliwa hapohapo, mtoto anabaki alipo, hakuna anayeulizwa zaidi. Leseni ya fundi inafutwa dakika hiyohiyo.

Nikamtazama Limi. Alikuwa amejikunja kifuani kwa mama yake, anapumua kama mtu aliyetoka mbio. Nikatazama jokofu. Ndani yake, kwenye bakuli la kioo lenye jina, kulikuwa na kaakaa la mtoto wa Nshoma, dogo kama ganda la karanga. Baada yake thelathini na mmoja, na kila mmoja ana mama anayenywesha kwa kijiko, na kila mwaka katika watoto wa namna hiyo huwa tunazika kadhaa. Nilikuwa nawajua kwa majina. Mtu mwenye akili timamu angehesabu, na hesabu ingesema mpeleke Limi Dodoma. Ataimba bwenini. Atakula vizuri. Miaka saba itapita.

Lakini ningeandika mlezi au ndugu, na mlezi hakuwa amekosa. Bibi alifanya alichofanyiwa, alichofanyiwa mama yake, kwa mapenzi, mchana kweupe, kwa sababu mtu pekee aliyejua kwamba kimeo kile hakikatwi alinyamaza kwa aibu. Ningekuwa nawapora mtoto ili nibaki na leseni. Ningeweza kusema nabaki nayo kwa ajili ya wale thelathini na wawili, na ingekuwa kweli. Ila ingekuwa pia ndiyo mara ya pili naandika kwenye fomu ya Tamko kitu cha kunifanya nionekane vizuri.

"Washa," nikamwambia Igogo.

"Fundi, fikiria. Nikishawasha..."

"Washa, bwana."

Taa nyekundu ikawaka. Igogo akasoma swali kwa sauti ya kazi, tofauti kabisa na ile ya mwanzo.

"Fundi mpachikaji," nikajibu.

"Maelezo?"

"Nilikuwa namsafisha mtoto koo. Sikuwa makini. Nikakata kimeo chenye punje."

"Unathibitisha kwamba kosa ni lako, na si la mtu mwingine yeyote?"

Nilijua nasema uongo. Hata hivyo, jibu la swali lile, kama lilivyoulizwa, lilitoka bila kunikwama.

"Nathibitisha. Kosa ni langu."

Kishikwambi kikalia mara moja. Maandishi mekundu yakawa kijani.

*

Leseni ilifutwa, ila nilipewa nusu saa ya kumaliza kazi ya Limi. Nikanawa, nikamdunga Limi sindano ndogo ya ganzi, nikasafisha ile dawa nyeusi, nikatoboa kijitundu kwenye ukingo wa kaakaa laini na kuipandikiza punje ndani kabisa ya nyama, juu, mahali ambapo kisu cha mtu hakifiki. Mwongozo hauruhusu. Ungekuwa unaruhusu tangu mwanzo, tusingekuwa hapa. Igogo aliona, akageuka kutazama dirishani.

Kwanza hakikutokea kitu. Kisha ukingo ukacheza, ukalegea, ukacheza tena, na kaakaa lote likainuka, likaenda nyuma likagusa ukuta wa koo na kuufunga vizuri. Nikaomba maji. Limi akameza kijiko kimoja. Tukangoja, sote wanne tukimtazama puani. Hapakutoka tone.

"Bibi," akasema Limi, waziwazi, kwa chumba kizima. "Bibi mbaya."

Bibi Holo akalia kwa furaha. Kabula naye akalia, na bado hakumtazama mama yake, lakini alimsogezea kiti kwa mguu.

Nilipotaka kurudisha vyombo, droo haikufunguka. Jokofu nalo lilikuwa limejifunga. Igogo akaanza kusema jambo, nadhani alitaka kunishukuru au kuniomba radhi, nikamnyooshea kidole taa nyekundu, akanyamaza. Ilikuwa saa tano na nusu.

Hapo mlango ukafunguliwa bila hodi. Alikuwa Nshoma. Mtoto alikuwa begani, amesinzia, na simu ilikuwa mkononi imewaka. Tamko huwa hawachelewi kutuma ujumbe.

"Dokta, samahani," akasema. "Nimeletewa habari hapa. Wanasema Alhamisi imefutwa. Wanasema umemkata mtoto wa mtu kimeo kwa uzembe, na umekiri." Alikuwa anatabasamu, tabasamu la mtu anayemletea mwenzake uzushi ili wacheke pamoja. "Nikasema hapana, watakuwa wamekosea jina. Si dokta wetu. Ni kweli?"

Kabula akainua uso. Nilimwona anavuta pumzi ili aseme, na Bibi Holo akamkamata mkono. Taa ilikuwa inawaka. Neno moja tu, na koo la Limi lingefungwa tena kabla Nshoma hajafika getini.

"Ni kweli," nikasema.

Tabasamu likachelewa kuondoka. Alinitazama mikono, kisha akamtazama Limi aliyekuwa anadai uji, kisha akanirudia mimi.

"Kule kwetu nimewaambia watu una mikono mizuri," akasema.

Mtoto begani alikuwa ameamka, amepiga miayo mikubwa, na kutoka nilipokaa niliuona mpasuko wote, kuanzia mbele hadi nyuma. Nshoma aliona ninakotazama. Akavuta kitenge, akamfunika mtoto uso nisimwangalie mdomoni, akatoka.